Takrima kwa mashabiki: sinema za siku hizi zinaandikwa kwa ajili ya hadithi au kwa ajili ya makofi yetu?

#1 Kiti cha Nyuma

Wakuu, salaam.

Desemba 2021 nilikwenda ukumbini hapa Dar kuangalia Spider-Man: No Way Home. Watu walijaa mpaka mstari wa mbele kabisa, ule wa kuumiza shingo. Kile kipande cha nyumbani kwa bibi yake Ned, rafiki wa Spider-Man wa sasa, pale Andrew Garfield, Spider-Man wa filamu za 2012 na 2014, anapopita kwenye duara la cheche na kuvua kinyago, watu walisimama juu ya viti. Jamaa wa pembeni yangu, ambaye sijawahi kumwona maishani, alinikumbatia. Bisi zangu zote zikaenda chini. Kisha akaingia Tobey Maguire, Spider-Man wa 2002, na nguo zake za kawaida, nikapiga kelele hadi koo likauma. Nilitoka mle nikimwambia kila niliyekutana naye kwamba hiyo ndiyo filamu bora niliyowahi kuiona.

Mwezi uliopita nimeirudia nyumbani, usiku, peke yangu, watoto wameshalala. Nilipofika pale pale nikaona kitu ambacho ukumbini sikukiona. Garfield anavua kinyago, halafu kunakuwa na kimya. Tobey naye anaingia, anatabasamu, kimya kingine. Kumbe ile nafasi waliiacha kwa ajili yetu: tupige kelele, tumalize, ndipo waendelee kuzungumza. Ukumbini niliijaza mimi mwenyewe. Sebuleni ilikuwa shimo.

Tangu siku hiyo nina swali. Huku kuwapa mashabiki kile wanachokililia, sura za zamani, mavazi ya zamani, maneno ya zamani, makofi yakishaondoka kinachobaki ni filamu kweli? Naomba tujadili. Mimi naipenda sinema kuliko kitu chochote nje ya familia yangu, na jambo hili linaniuma.

#2 Nyamizi wa Ipuli

Naweka mkeka hapa. Uzi mzuri.

#3 Mpaka Rangi

Siungi mkono hoja, mkuu. Umechagua kipande chepesi ukaacha kizito. Twende mwisho wa filamu hiyo hiyo, pale MJ, mpenzi wa Spider-Man wa sasa, anapoanguka kutoka juu na Garfield anamrukia na kumdaka. Yule ni Garfield aliyeshindwa kumdaka Gwen, mpenzi wake, kwenye filamu ya 2014. Utando ulimfikia Gwen, lakini umechelewa, akafa mikononi mwake. Miaka saba baadaye anamdaka msichana wa mwenzake, anamweka chini salama, anamuuliza kama yuko sawa, na msichana anamgeuzia swali kwa sababu anamwona analengwa na machozi.

Pale hakuna aliyepiga kelele ukumbini kwetu. Watu walinyamaza. Nipe hadithi nyingine inayoweza kumtendea mtu hivyo ndani ya sekunde chache. Hiyo imewezekana kwa sababu walimrudisha. Ukiita takrima, basi mimi naipokea kwa mikono miwili.

#4 Tandale Kwetu

Wakuu, haya mambo yameletwa na Marvel, kampuni ya hizi sinema za Spider-Man na wenzake. Zamani filamu ilikuwa filamu, mtu akifa amekufa, hadithi ikiisha imeisha. Hawa walipogundua watu wanalipa ili kuona sura wanayoijua, basi wakafungua bomba. No Way Home iliingiza zaidi ya dola bilioni 1.9. Kwa hela hiyo, nani ataandika hadithi mpya? Jibu la swali lako, mleta mada, liko benki.

#5 Mwalimu Ngwali

Tandale Kwetu, hapo kwenye historia nakurekebisha kidogo.

Arthur Conan Doyle alimuua Sherlock Holmes mwaka 1893, akamwangusha kwenye maporomoko ya maji Uswisi. Alikuwa amemchoka, alitaka kuandika mambo mengine. Wasomaji wakaja juu, wengine wakasitisha kulinunua gazeti lililokuwa likichapisha zile hadithi. Alishikilia msimamo kwa miaka kadhaa, kisha mwaka 1903 akamrudisha, akaeleza kwamba kumbe hakuanguka. Na wachapishaji wa Marekani walikuwa wameweka fedha nono mezani. Hapo Marvel haikuwepo hata kwenye ndoto.

Na neno lenyewe wanalolitumia wenye fani limetoka Japani: fan sabisu, yaani huduma kwa mashabiki. Kwenye katuni zao lilikuwa na maana nyingine kabisa, yaani kumwonyesha msichana akiwa amevaa nusu ili vijana wafurahi, bila hadithi kuhitaji hivyo. Katuni ya Evangelion ya mwaka 1995, kila mwisho wa kipindi, sauti ya mwanamke ilikuwa ikitangaza kipindi kijacho na kuwaahidi watazamaji "sabisu". Baadaye neno likasafiri na maana ikatanuka mpaka kufika kwenye huku kurudisha sura za zamani.

Kwa hiyo mleta mada, takrima ni neno zuri umelichagua. Nchi hii tulishabishana sana takrima inaishia wapi na rushwa inaanzia wapi, mpaka suala likafika Mahakama Kuu mwaka 2006. Na huku kwenye sinema mstari ni huo huo tunaoutafuta.

#6 Bi Mkubwa wa Ngamiani

Wanangu mnaongea kama vile sinema ni ya Marekani tu. Sisi Tanga tumelelewa na picha za Kihindi, na Mhindi hajawahi kuona aibu kumpa mtazamaji anachotaka. Stelingi anaingia kwa miguu kwanza: unaonyeshwa kiatu, unaonyeshwa mkono, unaonyeshwa mgongo, muziki unapanda, ndipo sura. Dakika nzima ya kumkaribisha mtu tunayemjua. Ukumbi mzima unapiga miluzi. Nani aliwahi kulalamika kwamba hadithi imesimama?

Mwaka 1995 Shah Rukh Khan na Salman Khan walicheza ndugu wawili kwenye Karan Arjun. Kanda ile niliiangalia kwa jirani mpaka picha ikaanza kuchuruzika mistari. Halafu Januari 2023, kwenye Pathaan, Shah Rukh yuko kwenye treni amezidiwa, anatokea Salman kumsaidia. Mimi mtu mzima nililia. Wale wawili wamezaliwa mwaka mmoja, 1965, na mwisho wa filamu wamekaa wanazungumza kama wazee wa kazi, nani atawarithi, na wanakubaliana kwamba kazi yenyewe bado haiachiki. Pale hawaongei wale wapelelezi wanaowaigiza. Pale wanaongea wao wenyewe, na sisi tuliozeeka nao.

#7 Kaka wa Likoni

Shikamoo Bi Mkubwa. Umenigusa.

Huku kwetu Mombasa utoto wangu ulikuwa jumba la video: mabati, mabenchi, televisheni moja ya chogo kule mbele, na joto la kukausha nguo. Kelele ilikuwa sehemu ya filamu. Stelingi akipiga teke zuri, watu wanapiga kelele "rudisha!", na mwenye mashine anarudisha kweli. Teke moja tuliliona mara tatu, mara nne. Ukimwambia yule mzee kwamba anaharibu mtiririko wa hadithi angekushangaa, maana waliolipa ndio waliotaka.

Halafu wakaja watafsiri. DJ Afro anaifungulia filamu kinywa, anampachika mhusika jina la mtaani, anakwambia mapema kwamba huyu adui atalia leo. Kile ni kuwahudumia mashabiki juu ya kazi ya mtu mwingine. Kwa hiyo mimi nauona ule ukimya aliousema mleta mada kwa jicho jingine: Hollywood wamejifunza kuacha nafasi ambayo sisi jumba la video tulikuwa tukiichukua wenyewe kwa nguvu.

#8 Tandale Kwetu

Kaka wa Likoni, hata huku kwetu tulikuwa na Lufufu. Picha ya Kichina, yeye anashusha Kiswahili, na ukija kuiangalia bila yeye unaona kama imepungua chumvi. Hilo la "rudisha" nimelikumbuka mpaka nimecheka peke yangu kwenye daladala.

Mwalimu Ngwali, nimepokea marekebisho. Ila hoja ya fedha bado iko pale pale, na huyo Doyle wako ameithibitisha.

#9 Meza ya Kuhariri

Nahariri video kwa riziki, harusi zaidi kuliko filamu, ila naomba nilete jicho la mezani.

Kuna kuvuna na kuna kugawa. Kwenye Avengers: Endgame ya 2019, Captain America anainua nyundo ya Thor, ile isiyoinuka ila kwa anayestahili. Ukumbi ulipasuka. Lakini mbegu ilipandwa 2015 kwenye Age of Ultron, pale wanapocheza sebuleni kila mtu anajaribu kuiinua. Captain America akaivuta, nyundo ikasogea kidogo sana, na kamera ikatuonyesha sura ya Thor, tabasamu limekatika ghafla. Miaka minne mbegu iko ardhini. Ukishangilia 2019, unashangilia uvumilivu wako mwenyewe. Hayo ni mavuno.

Kugawa ni pale kitu kinapotua bila kupandwa. Na hata hapo sikatai kwamba kinaweza kuwa kizuri. Ile korido ya Darth Vader, adui mkuu wa Star Wars, mwishoni mwa filamu ya Rogue One ya 2016, askari wamebanwa mlangoni, giza, halafu unasikia ile pumzi kabla hujaona chochote, kisha upanga mwekundu unawaka. Kile kipande hakikuwa kwenye mpango wa mwanzo. Wazo lilitoka kwa mhariri, kikapigwa miezi michache tu kabla ya filamu kutoka. Ukikitoa, hadithi inatembea vilevile. Lakini ndicho watu wanachokikumbuka kuliko yote.

Kwa hiyo kipimo cha "je, hadithi inakihitaji" peke yake hakitoshi. Nimekaa nacho muda mrefu, hakinipi jibu.

#10 Mpaka Rangi

Nakazia #9. Ila korido ya Vader ina mbegu pia: ilipandwa 1977, kwenye Star Wars ya kwanza. Sisi tuliokuja nyuma tumevuna shamba la wazee wetu.

#11 Flashi Kibao

Wakuu, mimi nina kibanda cha kuingizia muvi kwenye flashi, Mbeya, mwaka wa tisa sasa. Nitawaambia ninachokiona kaunta.

No Way Home ilipotoka, hakuna aliyekuja akataja jina lake. Walikuja wakisema "niwekee ile yenye Spider-Man watatu". Hapo tayari siri imeisha, wanajua, na bado wanaitaka. Kitu kilichonishangaza kilikuja wiki ya pili na ya tatu. Vijana wadogo wa sekondari walianza kurudi kudai zile za zamani. Ya 2002, ya 2004, ya 2007. Za Garfield za 2012 na 2014. Folda ambayo ilikuwa imelala miaka, nikaanza kuifungua kila siku. Kijana mmoja aliniambia alitaka kujua yule mzee wa pili ni nani na kwa nini watu walilia.

Kwa hiyo anayesema hizi ni zawadi za waliokuwepo zamani tu, kwenye kaunta yangu nimeona pia zikiwa mlango wa kuingilia.

#12 Nyamizi wa Ipuli

Tobey kuitwa mzee, jamani. Alizaliwa 1975.

#13 Flashi Kibao

Kwa mtoto wa miaka kumi na sita huyo ni mzee, dada. Sikumpinga, nilimuuzia zote tano.

#14 Jicho la Mnazi Mmoja

Salaam wote. Tandale Kwetu, nikujibu lile la benki. Kama ni fedha tu, filamu ya The Flash ya 2023 ingekuwa tajiri. Walimrudisha Michael Keaton na vazi lake la Batman la 1989. Walimtia Nicolas Cage kama Superman, yule wa filamu ya miaka ya tisini ambayo haikupigwa kamwe. Walimrudisha Christopher Reeve kwa kompyuta, naye alifariki 2004. Kila sanduku la stoo lilifunguliwa. Filamu iligharimu takribani dola milioni 200 au zaidi, na duniani kote haikufikisha hata milioni 300. Ukitoa matangazo na mgawo wa kumbi, hiyo ni hasara.

Kwa hiyo kuna kitu kingine. Mimi nadhani mashabiki wanajua ni lini wanapewa na ni lini wananunuliwa.

Na lile la Reeve lilinikera mpaka leo. Mtu hayupo, hawezi kusema ndiyo wala hapana, unamsimamisha pale kama sanamu ya dukani, sura imelainishwa kama nta. Nilikua na Superman yule. Marehemu baba yangu ndiye aliyenionyesha. Nilipoona ile sura sikufurahi hata chembe, nilijisikia kama nimeingia kaburini bila kupiga hodi.

#15 Mwalimu Ngwali

Pole sana kwa mzee.

Hilo la marehemu lina historia yake. Peter Cushing, mwigizaji wa Star Wars ya 1977, alifariki 1994, akaonekana tena Rogue One mwaka 2016: mwigizaji Guy Henry alicheza, sura ya Cushing ikawekwa juu. Wengine waliokuwa hai waliamua wenyewe. James Earl Jones aliridhia sauti yake ya Vader itengenezwe kwa kompyuta kabla hajafariki 2024. Na Carrie Fisher, aliyecheza Princess Leia, alipofariki Desemba 2016, filamu ya Star Wars ya 2019 ilitumia vipande vyake halisi vilivyobaki vya miaka ya nyuma, hawakumchonga upya. Yote haya yanaitwa zawadi kwa mashabiki, lakini mbele ya marehemu hayana uzito mmoja.

#16 Bi Mkubwa wa Ngamiani

Sisi maiti tunamsitiri. Sioni kwa nini iwe tofauti kwa sababu aliyekufa ni mwigizaji.

#17 Mpaka Rangi

Bi Mkubwa, heshima yako, lakini kila siku tunaangalia filamu za marehemu. Kanumba alifariki 2012 na bado anaonyeshwa. King Majuto alituacha 2018 na watoto waliozaliwa juzi wanamcheka.

#18 Bi Mkubwa wa Ngamiani

Mwanangu, Majuto yale aliyacheza yeye mwenyewe, kwa pumzi yake. Hakuna aliyemfumbua kinywa akiwa hayupo. Tofauti iko hapo.

#19 Tandale Kwetu

Tukiwa hapo kwa kina Kanumba: Bongo Movie enzi zile ilikuwa na huduma yake, hadithi moja inakatwa sehemu ya kwanza na ya pili, DVD mbili. Unalipa mara mbili ili ujue kama mama mkwe atatubu. Mnaikumbuka?

#20 Nyamizi wa Ipuli

Na sehemu ya kwanza inakatikia mtu ameshika kitasa cha mlango. Nilikuwa nanunua zote mbili siku moja ili nilale.

#21 Meza ya Kuhariri

Tusitoke nje ya mada, ingawa na mimi nilizinunua.

Kuna jambo hamjaligusa: mashabiki kuwa mabosi. Trela ya filamu ya Sonic ilitoka mwishoni mwa Aprili 2019, watu wakaona yale meno ya binadamu kwenye uso wa kalunguyeye wa bluu, intaneti ikawaka. Ndani ya siku chache mwongozaji akakubali kumchora upya. Filamu ikasogezwa kutoka Novemba 2019 hadi Februari 2020, ikaja na Sonic anayefanana na wa kwenye gemu, ikaingiza zaidi ya dola milioni 300. Hapo nawapongeza waliopiga kelele. Walikuwa sahihi. Lile lilikuwa kosa la mikono, likarekebishwa kwa mikono.

Lakini mjue walioirekebisha ni watu waliokesha. Ile studio ya Vancouver iliyofanya kazi hiyo ilifungwa Desemba ile ile ya 2019, watu wakapoteza ajira kwa sababu ya kelele zetu.

#22 Jicho la Mnazi Mmoja

Meza ya Kuhariri, hapo mwisho umeunganisha vitu viwili kwa haraka. Kampuni yenyewe ilitaja hali ya soko na ushindani wa nje kuwa sababu ya kufunga. Kwamba vilitokea mwaka mmoja ni kweli. Kwamba kimoja kilizaa kingine, hakuna aliyethibitisha.

#23 Meza ya Kuhariri

Nimekubali, nafuta hilo la sababu. La kukesha nalibakiza, maana ndiyo kazi yangu na najua mabadiliko ya mteja dakika za mwisho yanavyofanana.

#24 Mpaka Rangi

Kelele zina pande mbili. Waliodai toleo la mwongozaji Zack Snyder la filamu ya Justice League walipiga kelele zaidi ya miaka mitatu, wakalipata Machi 2021, saa nne nzima. Wengine kati yao waliwatukana watu matusi ya aibu. Wengine, hao hao, walichangisha mamia ya maelfu ya dola kwa taasisi ya kuzuia watu kujiua, kwa sababu Snyder alikuwa amempoteza binti yake. Kundi moja, mikono miwili.

Na kelele si tiketi. Mwaka 2006, Snakes on a Plane, intaneti ilichemka mwaka mzima, watengenezaji wakarudi kupiga vipande vipya vya kuwaridhisha watu wa mtandaoni. Ilipotoka, kumbi hazikufurika kama kelele zilivyoahidi.

#25 Dada wa Kisutu

Nimesoma uzi wote, sasa niseme langu. Mnazungumzia mashabiki kama mtu mmoja mwenye tumbo moja. Nani hasa anayehudumiwa?

Kelly Marie Tran aliingia Star Wars mwaka 2017 kama Rose Tico. Fundi wa kawaida, dada yake amekufa vitani kwenye dakika za mwanzo, ana kidani mkononi anachokishika kila akimkumbuka. Mimi nilimpenda. Nilikuwa nimempoteza dada yangu miaka miwili kabla, na sijawahi kuona kwenye filamu kubwa namna ile mtu akishika kitu cha dada yake vile. Sehemu ya mashabiki walimwandama kwa matusi ya rangi na umbo lake mpaka akafuta picha zake zote Instagram mwaka 2018. Filamu iliyofuata, 2019, Rose ana dakika moja na ushei. Na Palpatine, yule mfalme mwovu aliyekufa kwenye filamu ya 1983, amerudishwa.

Kwa hiyo pale kuna mashabiki waliopewa na kuna mashabiki walionyang'anywa. Mimi ni shabiki. Tiketi yangu ilikuwa na bei sawa na yao.

#26 Kiti cha Nyuma

Dada wa Kisutu, pole kwa msiba huo. Bandiko lako nimelisoma mara mbili.

#27 Mwalimu Ngwali

Kwa haki ya mjadala: wapo wanaosema Rose alipunguzwa kwa sababu vipande alivyopangiwa vilitegemea picha za marehemu Carrie Fisher ambazo hazikukaa vizuri. Mmoja wa waandishi wa filamu alieleza hivyo hadharani.

#28 Dada wa Kisutu

Nimewahi kuyasikia hayo, Mwalimu. Inaweza kuwa kweli. Lakini filamu hiyo hiyo ilipata nafasi ya kumpa Chewbacca, yule mwenye manyoya, medali yake, ile ambayo watu wamekuwa wakiidai tangu 1977 kwa sababu wenzake walivishwa yeye akaachwa. Miaka arobaini na miwili deni la medali linakumbukwa na kulipwa. Nafasi hupatikana kwa yule anayetakiwa.

#29 Tandale Kwetu

Sikujua kuhusu medali. Aisee. Halafu mtu anasema hawasomi mabandiko yetu.

#30 Jicho la Mnazi Mmoja

Turudi India kidogo kwa Bi Mkubwa, kuna hatari pia. Novemba 2023, filamu ya Salman, Tiger 3, mashabiki wa Malegaon walilipua fataki ndani ya ukumbi. Ndani, watu wamekaa. Video zake zilizagaa, watazamaji wakikimbilia milangoni. Salman mwenyewe aliandika kuwasihi waache kwa sababu ni hatari.

#31 Bi Mkubwa wa Ngamiani

Hilo silitetei. Miluzi inatosha.

Ila na mimi nina mfano wa Kitamil. Vikram ya 2022, dakika za mwisho anatokea mwigizaji Suriya, bosi wa dawa za kulevya aitwaye Rolex, dakika chache tu, na watu wakasahau kilichotangulia. Kamal Haasan, stelingi wa filamu ile, akampelekea Suriya saa ya Rolex ya kweli kumshukuru. Stelingi anamshukuru aliyemfunika! Ukarimu ule nao ni sehemu ya raha ya sinema kwetu.

#32 Kiti cha Nyuma

Nimerudi. Jana nimeiangalia tena ile sehemu, safari hii na saa mkononi, kwa sababu yenu.

Nijirekebishe. Kimya si kirefu kama nilivyokiandika. Na kuna kitu nilikiruka kabisa: bibi yake Ned. Garfield anatakiwa kuthibitisha kwamba yeye ni Spider-Man, anapanda darini, ananing'inia, na bibi anamwambia, kwa kuwa uko huko juu, ondoa ule utando wa buibui kwenye kona. Na yeye anautoa kweli, kwa kiganja, kwa adabu, kama mjukuu. Bibi hajui hizo filamu za 2012 na 2014. Kwake yule ni kijana mrefu aliyeingia nyumbani na anaweza kufika pale ufagio usipofika.

Ukumbini sikusikia neno hata moja la yule bibi. Kelele zetu zilimfunika. Yaani kitu kizuri kuliko vyote kwenye kipande kile nimekiona kwa mara ya kwanza jana, kwa sababu hakuna aliyepiga makofi.

Sasa sijui hilo linasaidia hoja yangu au linaivunja.

#33 Mpaka Rangi

Linaivunja, mkuu. Kumbe shimo lilikuwa na mtu ndani.

#34 Meza ya Kuhariri

Linaisaidia. Walijua tutapiga kelele, wakaweka kitu kizuri mahali ambapo kisingesikika.

#35 Kaka wa Likoni

Ndiyo maana tulikuwa tunasema "rudisha".

#36 Nyamizi wa Ipuli

Hakuna aliyetaja Top Gun: Maverick ya 2022? Val Kilmer alikuwa ameshapoteza sauti kwa saratani ya koo. Walipomrudisha kama Iceman, mhusika wake wa 1986, baada ya miaka thelathini na sita, hawakumficha. Mhusika naye anaumwa. Anaandika kwenye kompyuta, maneno yanatokea kwenye kioo, Tom Cruise anayasoma. Halafu anasimama, anajilazimisha kutoa maneno machache kwa mdomo, kwa ile sauti iliyokwaruza. Wanakumbatiana.

Mama yangu alikuwa na kitobo shingoni miezi yake ya mwisho, alikuwa akituandikia kwenye daftari la mistari. Nilitoka nje ya ukumbi nikasimama kwenye ngazi mpaka filamu ikaisha. Kilmer alifariki Aprili 2025. Sijui kama ile ilikuwa takrima au nini. Nashukuru tu kwamba walimwuliza akiwa hai na yeye akakubali.

#37 Bi Mkubwa wa Ngamiani

Mungu amrehemu mama, mwanangu.

#38 Dada wa Kisutu

Amina. Asante kwa kutuandikia, Nyamizi.

#39 Jicho la Mnazi Mmoja

Pole sana. Hii ya Kilmer nitaitafuta, sijaiona.

#40 Flashi Kibao

Ninayo, zote mbili, ya 1986 na hiyo.

Wakuu, na mimi nina swali la kazini. Kuna mama ameacha flashi asubuhi, anataka kumwekea mwanawe Spider-Man zote kwa mpangilio, mtoto aanze mwanzo mpaka afike ile ya watatu. Nizipange kwa mwaka, au nianze na za huyu wa sasa?

#41 Mpaka Rangi

Kwa mwaka. 2002, 2004, 2007, 2012, 2014, halafu 2017, 2019, 2021.

#42 Meza ya Kuhariri

Mimi ningeanza na 2017. Amjue kijana wake kwanza, akutane na hao wawili kama wageni, kama yule bibi alivyokutana nao. Halafu arudi nyuma.

#43 Flashi Kibao

Sasa mmenichanganya. Mama anarudi saa kumi.